Takamine Hideko, mwigizaji asiyekuwa wa kampuni yoyote

*Swali:* "Shikamoo mwalimu. Nimetazama filamu mbili za zamani za Kijapani. Moja ni ya mwalimu wa kike anayefundisha watoto 12 kisiwani, nyingine ni ya mjane anayesimamia baa mjini Tokyo. Rafiki yangu akaniambia mwigizaji ni yule yule. Sikuamini mpaka nilipolinganisha majina. Nimesoma pia kwamba miaka ile mwigizaji wa Japani alikuwa kama mali ya kampuni: anapewa sura moja, anaicheza mpaka inamchosha. Huyu aliponyoka vipi? Na baada ya hizo mbili nitazame ipi?"

*Jibu:* Marahaba mwanangu. Rafiki yako hakukudanganya. Ni mtu mmoja, Takamine Hideko. Wajapani hutanguliza jina la ukoo, kwa hiyo Takamine ni ukoo na Hideko ndiyo yeye mwenyewe. Mashabiki walimwita Deko-chan, jina la utotoni ambalo halikumtoka hata alipozeeka.

Hayo uliyoyasoma kuhusu kampuni ni kweli. Ndiyo maana swali lako limenifurahisha, maana watu wengi wakimtaja Takamine hukimbilia kipaji, na kipaji alikuwa nacho tele. Lakini wenye vipaji walikuwa wengi Japani miaka ile. Mimi naamini jambo lililomtenga na wenzake ni uamuzi alioufanya mwaka 1950, akiwa na miaka 26, kuhusu nani atamwandikia mkataba. Ili uone uzito wake inabidi turudi nyuma kidogo.

Alizaliwa tarehe 27 Machi 1924 mjini Hakodate, katika kisiwa cha Hokkaido, kaskazini mwa nchi. Mama yake mzazi alifariki yeye angali mdogo sana, akachukuliwa na shangazi yake, dada wa baba, akahamia naye Tokyo. Mwaka 1929, akiwa na miaka 5, alipelekwa kwenye studio ya kampuni ya Shochiku, siku ambayo watoto walikuwa wamepangwa mstari wachaguliwe. Akaingizwa mstarini, akachaguliwa. Filamu hiyo iliitwa *Haha*, yaani Mama. Kuanzia hapo alifanya kazi mfululizo. Alicheza mabinti, na alicheza wavulana pia. Mwaka 1931 yumo katika *Tokyo no Korasu* ya mwongozaji Ozu Yasujiro, mtoto wa baba aliyepoteza kazi. Darasani alikaa kwa vipande vipande tu, siku ambazo studio haikumhitaji. Kisha Machi 1934 moto mkubwa ukaiteketeza Hakodate, na jamaa zake waliopoteza kila kitu wakaja kumtegemea yeye, mtoto ambaye ndiyo kwanza anatimiza miaka 10.

Kwa hiyo unapomwona kwenye ile filamu ya baa, mjane anayebanwa na mama na kaka wanaomdai fedha kila wanapomwona, ujue hapo hakuwa na haja ya kubuni sana.

Mwaka 1937 alihamia kampuni iliyokuja kuitwa Toho. Huko akakua mbele ya macho ya nchi nzima. Mwaka 1941 alicheza *Uma*, yaani Farasi, hadithi ya binti wa kijijini anayelea mwanafarasi ambaye mwishowe anachukuliwa na jeshi. Mwongozaji msaidizi alikuwa kijana mmoja, Kurosawa Akira. Mwaka huo huo Naruse Mikio alimwongoza katika filamu kuhusu kondakta wa basi la shamba, na jina la Hideko likawekwa kwenye kichwa cha filamu yenyewe, *Hideko no Shasho-san*. Jina lake peke yake lilitosha kuuza tiketi. Umkumbuke Naruse, tutamrudia.

Vita vilipoisha Agosti 1945 alikuwa na miaka 21. Alikuwa amewaimbia wanajeshi wa Japani. Muda si mrefu akawa anawaimbia Wamarekani walioikalia nchi. Jambo hilo lilimkaa rohoni. Miaka mingi baadaye aliliandika bila kujitetea.

Sasa tuje kwenye kampuni. Studio kubwa za Japani zilikuwa na kila kitu: majukwaa ya kupigia picha, waongozaji, waandishi, mafundi, na mtandao wa majumba ya sinema. Mwigizaji alikuwa sehemu ya vifaa hivyo. Anapangiwa filamu, anapangiwa mwenza, anapangiwa hata namna ya kuonekana barabarani. Hara Setsuko, ambaye huenda umemwona katika filamu za Ozu, aliitwa na magazeti "bikira wa milele", na jina hilo lilimfuata hadi alipojifungia nyumbani kwake Kamakura asionekane tena hadharani. Mimi nampenda Hara sana. Lakini mtazame filamu tano mfululizo utaona jinsi ile sura ilivyomzunguka kama uzio.

Baada ya vita, vyama vya wafanyakazi vilichipuka kila mahali, na Toho ikawaka moto wa migomo kuanzia 1946 hadi 1948. Katika mgomo wa mwaka 1946, waigizaji nyota 10 walijitenga na chama. Takamine alikuwa mmoja wao, Hara pia, na Yamada Isuzu. Kundi hilo likawa chanzo cha kampuni mpya, Shintoho, yaani Toho Mpya, mwaka 1947. Huko Toho yenyewe mgomo wa tatu ulikuja kuvunjwa Agosti 1948 kwa polisi wa Japani wakisaidiwa na vifaru na ndege za jeshi la Marekani. Fikiria, vifaru kwenye lango la studio ya sinema! Waliobaki wakaona kwa macho yao kwamba filamu ni mali, na mali ina wenyewe.

Shintoho ilimtumia vizuri. Mwaka 1949 wimbo wake *Ginza Kankan Musume* ulivuma nchi nzima. Mwaka 1950 alicheza binti mdogo katika *Sasameyuki*, kutoka kwenye riwaya ya Tanizaki Junichiro, na akarudi kwa Ozu katika *Munekata Kyodai*. Kwa hesabu ya kawaida, huyo ni mwigizaji aliyefika. Na hapo ndipo alipoondoka. Hakuhamia kampuni nyingine. Akawa huru: mswada ukimpendeza anaweka sahihi kwa filamu hiyo moja, ikiisha kila mtu anakwenda zake.

Mwaka uliofuata Shochiku ilimwita kwa kazi ya mwongozaji Kinoshita Keisuke, *Karumen Kokyo ni Kaeru*, Carmen Anarudi Nyumbani. Ndiyo filamu ndefu ya kwanza ya rangi iliyotengenezwa Japani, mwaka 1951, kwa mikanda ya kampuni ya Fuji. Rangi hiyo ilihitaji mwanga mwingi, kwa hiyo sehemu kubwa ilipigwa nje, kwenye nyasi chini ya mlima Asama, jua likiwaka. Na kwa sababu hakuna aliyekuwa na hakika kama rangi itafanikiwa, walipiga pia toleo zima la nyeusi na nyeupe. Yaani igiza, kisha uigize tena, kucheza na kuimba na kukimbia, mara mbili. Takamine ni msichana anayecheza uchi kwenye majukwaa ya Tokyo na kuamini kwa moyo wote kwamba yeye ni msanii mkubwa. Anarudi kijijini na gauni la rangi kali, na wazee hawajui wamtazame au wageuke. Anakuchekesha, halafu unaona aibu kwa kumcheka.

Filamu hiyo ilipotoka akapanda ndege kwenda Paris, akakaa zaidi ya nusu mwaka, mbali na kamera, mbali na jamaa, mbali na shangazi aliyekuwa akishika fedha zake zote. Mwigizaji wa kampuni angeombaje ruhusa ya namna hiyo?

Mlango ulikuja kufungwa nyuma yake. Septemba 1953 kampuni tano, Shochiku, Toho, Daiei, Shintoho na Toei, zilisaini mapatano ya kutonyang'anyana waongozaji na waigizaji. Lengo lilikuwa kuizuia kampuni ya Nikkatsu, iliyokuwa inajiandaa kutengeneza filamu tena, isiwachote watu wao. Aliyekuwa ndani amefungwa ndani. Ukitaka kujua adhabu ilikuwaje, mtazame Yamamoto Fujiko, nyota wa Daiei. Mwaka 1963 aliachana na kampuni yake, na hakuna kampuni nyingine iliyomfungulia. Sinema ikamwishia hapo, akabaki na jukwaa na televisheni. Mwanamke mzuri, anayependwa, mwenye miaka 30 na kitu tu.

Takamine alikuwa ametoka miaka mitatu kabla ya mapatano. Sasa tazama aliufanyia nini uhuru huo.

Tarehe 15 Septemba 1954 Shochiku ilitoa *Nijushi no Hitomi* ya Kinoshita, yaani Mboni Ishirini na Nne. Ndiyo filamu yako ya kisiwani: watoto 12, macho 24. Tarehe 15 Januari 1955, miezi minne baadaye, Toho ikatoa *Ukigumo* ya Naruse, yaani Mawingu Yaeleayo. Kampuni mbili zinazoshindana. Jarida la *Kinema Junpo*, ambalo wapenzi wa filamu Japani hulisubiri kila mwaka, liliiweka ya kwanza namba moja kwa 1954 na ya pili namba moja kwa 1955. Na namba mbili ya 1954 ilikuwa *Onna no Sono*, ambayo Takamine yumo pia. *Wasamurai Saba* ya Kurosawa ilishika namba tatu mwaka huo! Mwigizaji wa Shochiku asingeweza kuwamo katika *Ukigumo*. Mwigizaji wa Toho asingefika kisiwani. Yeye alifika kote.

Turudi kisiwani kidogo, maana najua filamu hiyo imekugusa. Ni Shodoshima, katika Bahari ya Ndani ya Seto. Mwaka 1928 mwalimu Oishi anakuja shuleni kwa baiskeli amevaa suti ya Kizungu, na wanakijiji wananong'ona. Filamu inamfuata mpaka baada ya vita, amefiwa na mume, amefiwa na binti, na wavulana wake aliowafundisha kusoma wengine hawakurudi vitani. Kinoshita alitafuta ndugu wanaofanana ili watoto wakikua kwenye hadithi uamini ni wale wale. Takamine yeye hakuwa na ndugu wa kumbadilisha. Aliubeba mwili ule ule wa miaka 30 kutoka usichana hadi uzee. Mtazame mgongo. Mwanzoni anaendesha baiskeli kama mtu anayepigwa na upepo wa mbele na kuupenda. Mwishoni anapolia, analia kwa mabega, kichwa kikiwa chini, kama mtu aliyezoea kulia watu wasimwone. Na pale Isokichi, aliyerudi vitani kipofu, anapoishika picha ya zamani ya darasa na kupitisha kidole akitaja nani yuko wapi, mtazame Takamine badala ya kumtazama yeye. Kidole kinakosea kidogo mahali, na mwalimu anaitikia tu, hasahihishi.

*Ukigumo* ni kinyume chake kabisa. Yukiko alimpenda mwanamume mwenye mke wakati wa vita, huko Dalat nchini Vietnam, alikokuwa akifanya kazi ofisi za misitu za Japani. Baada ya vita anamfuata Tokyo iliyobomoka, na mwanamume huyo, anayechezwa na Mori Masayuki, hana cha kumpa wala hana nguvu ya kumwacha. Wanatembea, wanatembea sana: kando ya magofu, kwenye matope, mpaka safari yao inapoishia kisiwa cha Yakushima kwenye mvua isiyokatika. Riwaya ni ya Hayashi Fumiko, aliyewajua wanawake wa namna hii kwa karibu. Takamine hamtetei Yukiko. Anamwacha awe mkaidi, mwenye maneno makali, mwenye wivu, na wewe unabaki naye.

Naruse alikuwa mtu wa maneno machache mno. Waigizaji walilalamika kwamba hawaambiwi kama wamefanya vizuri au vibaya. Mswada ukifika mkononi mwake alikuwa anafuta mistari, anaacha kimya kifanye kazi. Kwa mwigizaji aliyezoea kubebwa na maneno mazuri, hiyo ni adhabu. Takamine alikuwa mbele ya kamera tangu miaka 5. Kitu kimoja alichokijua kuliko kusoma na kuandika ni jinsi kamera inavyoona mtu anapogeuka, anapoinamisha macho, anapoweka kikombe chini. Walifanya pamoja filamu 17, kutoka lile basi la 1941 hadi *Hikinige* ya 1966. Kinoshita alimpa nyimbo, machozi na upeo wa bahari. Naruse alimpa vyumba vidogo na hesabu za madeni, na kwa maoni yangu huko ndiko alikofikia kilele.

Ile filamu yako ya baa, *Onna ga Kaidan o Agaru Toki* ya 1960, ni ushahidi. Keiko ni mjane wa miaka 30, wasichana wa baa wanamwita Mama, na baa iko juu, mtaa wa Ginza. Ili afike kazini lazima apande ngazi nyembamba. Kamera inashuka kwenye miguu yake: soksi nyeupe, ndara, ukingo wa kimono. Sauti yake inatuambia kwamba anachukia kuzipanda ngazi hizo, lakini akishafika juu anaupokea usiku kama ulivyo. Huoni uso kwanza, unaona miguu, na miguu imekwishakueleza kila kitu. Takamine ndiye aliyesimamia mavazi ya filamu hiyo, jina lake limeandikwa. Kwa hiyo kimono anachosema ni ghali mno lakini bila hicho hakuna baa, alikichagua mwenyewe. Na mwisho, baada ya wanaume watatu kumwangusha kila mmoja kwa namna yake, anazipanda tena ngazi, anafika juu, anafungua mlango na kuwakaribisha wateja kwa tabasamu. Nimeitazama mara nyingi, na bado siwezi kusema lile tabasamu ni ushindi au ni kushindwa. Nadhani yeye alijua.

Kuhusu ndoa nitasema kidogo. Machi 1955, miezi miwili tu baada ya *Ukigumo*, aliolewa na Matsuyama Zenzo, msaidizi wa Kinoshita waliyejuana kazini. Yeye alikuwa nyota wa nchi, mume alikuwa mtu wa mshahara mdogo studioni. Aliendelea kufanya kazi, na Matsuyama akawa mwandishi na mwongozaji wa kuheshimika. Mwaka 1961 alimwongoza mkewe katika filamu nzuri kuhusu mke na mume viziwi wanaolea mtoto baada ya vita.

Mwaka 1958 majumba ya sinema ya Japani yaliuza tiketi zaidi ya bilioni 1.1. Baada ya hapo televisheni ikaingia sebuleni na watu wakabaki nyumbani. Shintoho ilifilisika 1961, Daiei 1971. Naruse alifariki 1969. Alikuwa akimsimulia Takamine filamu aliyotaka waifanye, bila mapambo, bila rangi, pazia jeupe tu nyuma na yeye mbele yake, haikufanyika. Takamine alipunguza kazi, akacheza mkwe anayemtunza mkwewe mzee aliyepotewa na akili katika *Kokotsu no Hito* ya 1973, na mwaka 1979 akamaliza, kwa filamu ya Kinoshita yule yule. Filamu zaidi ya 300. Yule mtoto aliyekosa shule alikuwa amekwisha kuwa mwandishi: kumbukumbu zake za 1976, *Watashi no Tosei Nikki*, zilipata tuzo ya chama cha waandishi wa insha Japani. Alifariki tarehe 28 Desemba 2010, akiwa na miaka 86.

Sasa, utazame ipi? Tazama *Midareru* ya 1964, ya Naruse, mswada wa Matsuyama. Ilimpa tuzo ya mwigizaji bora wa kike kwenye tamasha la filamu la Locarno, Uswisi. Reiko ni mjane aliyeliendesha duka la wakwe zake miaka 18, tangu mumewe afe vitani, na sasa duka kubwa la kisasa limefunguliwa jirani na linauza mayai kwa bei ambayo yeye hawezi kuifikia. Shemeji yake mdogo anampenda, na siku moja anamwambia. Kuna safari ndefu ya treni ambayo shemeji anasogea kiti kwa kiti, behewa likipungua watu, mpaka anakaa karibu naye, hapo utacheka. Shika sana kiuzi cha karatasi ambacho Reiko anamfunga shemeji kidoleni, usikisahau. Halafu kaa mpaka picha ya mwisho kabisa. Reiko anakimbia barabarani, nywele zimefumuka, anasimama ghafla, na kamera inabaki kwenye uso wake. Hasemi neno. Usichukue simu dakika hiyo.